Ng'ombe Watatu wa Mabula

Siku mliyoniaga pale ofisini mlinipa saa ya ukutani, na aliyeongoza sherehe akasema mzee aandike kidogo mambo ya kazi ili vijana wasome. Nilipiga makofi kama wengine, nikajua ni maneno ya sherehe tu. Wiki iliyofuata akaja nyumbani yule binti wa masijala na daftari jipya na kalamu mbili.

"Shikamoo mzee. Nimetumwa daftari."

"Marahaba mwanangu. Umetumwa kulileta au kulichukua?"

"Kulileta, mzee. Kulichukua ni mwezi ujao."

Kumbe mlikuwa mnasema kweli. Haya. Saa yenu inakimbia dakika kumi kila siku, lakini nashukuru, maana sasa sina mahali pa kuchelewa.

Niwaambie mapema, mimi nilisoma mpaka darasa la pili, nikatolewa kwenda kuchunga, na nukta na mikato ni vitu nilivyoviona kwa mbali. Naandika ninavyosema. Vyeo sitaviandika kwa sababu vilikuwa viwili tu katika miaka yote ile, na mshahara nikiutaja mtadhani natania. Nitaandika jinsi nilivyoanza, na mtu aliyenifundisha, na kesi moja ya mkopo wa nyumba ambayo nilikosea mimi mwenyewe kwa mdomo wangu. Namba nimezilainisha kidogo ili zisomeke, lakini sikuziongezea chumvi.

Niliingia ofisi ya mikopo ya nyumba hapa Mwanza wakati wa Waingereza, miaka michache kabla ya uhuru. Serikali ilikuwa imeanza kuwakopesha Waafrika wa mjini pesa za kujengea. Bwana Mkubwa alikuwa Mzungu mrefu, Kiswahili chake kizuri ila alikitoa polepole kama mtu anayevuka mto kwa kukanyaga mawe. Akaniuliza, "Unajua baiskeli?" Nikasema najua. Sikuwa najua. Siku ya kwanza nilizunguka mji mzima naisukuma, barua ziko kwenye mfuko, na kila nyumba niliyofika walinipa pole ya pancha. Siku ya tatu mzee mmoja akanipa na gundi. Siku ya nne nikajifunza kuendesha, kwa aibu.

Kazi yangu ilikuwa utarishi, lakini nikapewa na fito yenye alama za futi ya kupimia msingi. Mkopo haukutolewa wote pamoja. Msingi ukimalizika, pesa kidogo. Kuta zikifika kwenye lenta, juu ya milango, pesa nyingine. Paa, za mwisho. Na mimi ndiye niliyekwenda kuangalia kama fundi hakudanganya. Ukaguzi wangu wa kwanza ulikuwa Kirumba, nikazunguka ile nyumba mara mbili, nikarudi kuripoti kwamba msingi una futi sifuri. Bwana Mkubwa akawa mwekundu, akatoka mwenyewe kwenda kumkamata fundi. Kumbe nyumba imekaa juu ya jiwe zima, kubwa kuliko uwanja wa shule. Mtu wa Mwanza anayejenga juu ya jiwe achimbe nini? Fundi alicheka mpaka akakaa chini, Bwana Mkubwa akacheka pia, na mimi nikapewa jina la Futi Sifuri ambalo lilinifuata mpaka nilipopata mtoto wa pili.

Aliyenifundisha kazi alikuwa Mzee Kamugisha, karani mkuu, mtu wa Bukoba, Mlutheri, shati jeupe kila siku. Yeye ndiye aliyekuwa na mashine ya kuhesabia, ile ya chuma yenye mkono wa kuzungusha. Ukiingia mlangoni ukisikia karakara-karakara ujue mtu anakatiwa malipo ya mwezi. Mfukoni hakukosa kahawa za kutafuna zilizotoka kwao, zimefungwa kwenye ganda la mgomba. Mgeni akifika alimpa moja. Akifurahi sana, mbili. Aliniita "kijana" mpaka nilipoota mvi.

Sasa Mabula.

Mabula alikuwa anatia mafuta mitambo ya meli. Mfupi, mpana, mikono haikuisha harufu ya grisi hata siku ya sikukuu. Meli ikienda Bukoba yumo, ikienda Kisumu yumo. Alinizidi miaka sita au saba, na kwa kuwa ukoo wake na wetu walioana zamani, nilimwita kaka. Mkewe, Mama Shija, alinunua dagaa mwaloni Kirumba, wavuvi wanaposhusha, akawapeleka kwa magunia kwenye minada ya bara. Hakujua kuandika, lakini katika biashara yake sijasikia mtu aliyewahi kumpunja. Na walikuwa na ng'ombe kumi na mmoja, wamewekwa kwa ndugu yake Mabula huko Kisesa, njia ya Bujora.

Ilikuwa kama miaka mitatu kabla ya uhuru walipokuja kuweka saini. Mkopo wa shilingi elfu nne, miaka ishirini, nyumba yenyewe rehani. Mzee Kamugisha akazungusha mashine yake, akasema malipo ya mwezi ni shilingi ishirini na nane na senti sitini na sita.

Mabula akapiga paja. "Ishirini na nane! Sasa hivi nalipa ishirini na tano kwa vyumba viwili, na mvua ikinyesha tunalala kimoja. Lete kalamu."

Mama Shija alikuwa kwenye benchi nyuma, mtoto mgongoni.

"Na jumla yake?" akauliza.

"Jumla ya nini, mama?" Mzee Kamugisha akauliza.

"Yote. Tangu leo mpaka siku mtakaposema basi. Ngapi?"

Mzee Kamugisha akaitazama fomu upande wa mbele, akaigeuza. "Mama, fomu hii haina mahali pa hiyo."

Mabula akacheka. "Mzee, msamehe. Huyu ni mtu wa dagaa, hata kiberiti akinunua anauliza jumla."

"Kiberiti naijua jumla yake," Mama Shija akasema. "Senti kumi. Hii nyumba ndiyo siijui."

Tulicheka wote, na mimi nilicheka kuliko wengine. Mabula akaweka saini. Swali likabaki pale kwenye benchi, hakuna aliyelichukua. Mashine ilikuwa mezani, Mzee Kamugisha angezungusha mara mbili tu tungeipata. Hatukuwa na nia mbaya. Ofisini mtu hujibu kile ambacho fomu inauliza.

Nyumba ikajengwa. Vyumba vinne, bati juu, sakafu ya saruji, mbele kuna jiwe kubwa lililolala kama kiboko ambalo fundi alishindwa kuliondoa, wakaliacha liwe baraza. Mimi mwenyewe nilipima msingi, safari hii kwa akili. Na kila mwezi, kwa miaka miwili, Mabula alilipa bila kukosa. Akiwa safarini mkewe alileta pesa zimefungwa kwenye pindo la kanga.

Ikaingia Desemba, mwaka mmoja kamili kabla ya bendera kubadilishwa. Mvua zilikuwa zimechelewa, majani yamekauka Kisesa, na Mabula akaona heri auze ng'ombe watatu kabla hawajakonda. Akaja mjini na shilingi mia saba. Mama Shija alikuwa mnadani na dagaa zake. Mabula akanikuta kwenye lango la ofisi, nimeegemea baiskeli, nimevaa kofia ya kazi.

"Mdogo wangu, wewe ni mtu wa ndani. Pesa hizi nataka ziende kwenye nyumba. Nikifika dirishani niseme nini?"

Hapa nieleze jambo la kwetu, maana baadhi yenu mmezaliwa mjini. Usukumani mtu mwenye ng'ombe wengi huwagawa, anakupa wewe wachache uwafugie. Maziwa yako, samadi yako, lakini ndama ni wa mwenyewe. Baba yangu alifuga hivyo ng'ombe wa mtu miaka mingi. Na alinifundisha kwamba ukimpelekea mwenyewe ndama kabla hajaja kuwakagua, anakuita mwaminifu na hakusumbui msimu mzima. Ndiyo hekima niliyokuwa nayo, basi nikaitoa.

"Sema unalipa ya mbele," nikamwambia. "Miezi yote ambayo pesa hizi zinatosha wataikata humo. Hakuna atakayekuuliza kitu miaka miwili."

"Miaka miwili!"

"Miwili, kaka. Unalala unaamka."

Akaenda dirishani akasema kama nilivyomwambia. Karani akaandika malipo ya mbele, miezi ishirini na minne, akamrudishia shilingi kumi na mbili na senti kumi na sita. Mabula akanipa mbili. Nilinunua vitumbua, nikala nimesimama, nikajiona mtu muhimu katika mji huu.

Mwezi uliofuata Mabula hakuwa na deni la kulipa, na mwezi uliofuata vivyo hivyo. Pesa zilikuwa zinamkaa mfukoni kama wageni. Basi safari moja ya Kisumu akarudi na gramafoni, ile ya kuzungusha kwa mkono, ya sanduku la mbao na honi kama ua la boga, ameifunga kwenye blanketi kama mgonjwa. Alilipa shilingi mia mbili. Mtaa mzima wa Kirumba ulijua gramafoni imefika, maana alikuwa na santuri tatu tu na alizipiga zote tatu kila Jumapili tangu watu walipotoka kanisani. Jirani yake, mshona nguo, mzee wa Kiislamu mpole sana, alikuja siku moja akamwomba, "Bwana Mabula, ile ya pili tumeshaielewa."

Siku ya uhuru gramafoni ilitolewa nje, ikawekwa juu ya lile jiwe. Watu walicheza tangu asubuhi. Mzee Kamugisha alikuja na shati jeupe lile lile, akacheza kwa mabega peke yake, miguu haikuondoka chini. Mama Shija alipika dagaa wa nazi na wali. Mimi nilicheza mpaka soli ya kiatu ikafunguka kama mdomo wa sato, na nilikuwa najisifu kwa kila mtu kwamba mimi ndiye niliyempumzisha huyu bwana miaka miwili.

Hazikupita wiki tatu. Asubuhi moja Mama Shija akasimama dirishani. Mzee Kamugisha mwenyewe alikuwa zamu.

"Mzee, nimekuja kuuliza deni limebaki ngapi."

Mzee Kamugisha akafungua leja. "Elfu tatu, mia sita hamsini na tisa."

Mama Shija akakunja vidole kuhesabu. Kisha akasema, polepole, bila karatasi, "Miaka miwili ya mwanzo tulileta mia sita themanini na nane. Ng'ombe wakaleta mia sita themanini na nane nyingine. Inakuwa elfu moja mia tatu sabini na sita. Toa kwenye elfu nne. Mimi napata elfu mbili mia sita na ishirini na nne. Sasa hii elfu moja na zaidi iliyorudi juu, imetoka wapi?"

Watu kwenye benchi wakainua vichwa. Mimi nilikuwa napanga barua, nikaacha.

"Mama," akasema Mzee Kamugisha, "njoo saa sita. Hili halijibiwi kwa kupitia dirishani."

Saa sita tukakaa watatu ndani, ofisi imefungwa kwa chakula. Mzee Kamugisha akafungua ganda lake la mgomba, akahesabu kahawa ishirini na nane, akazipanga mezani. Senti tuliziacha, hakuna kahawa ya senti.

"Hii ni pesa yenu ya mwezi wa kwanza kabisa," akasema. Akazitenga ishirini huku, nane kule. "Hizi nane zimepunguza deni."

"Na hizi ishirini?"

"Hizo ni za kukaa na pesa ya watu mwezi mmoja. Zimekwenda." Akazizoa akatia mfukoni, mbili akazitia mdomoni.

Mama Shija akamtazama anavyotafuna. "Ishirini zote?"

"Zote. Mwezi wa pili zinapungua kwa senti nne tu. Mwaka wa kwanza mzima mlileta mia tatu arobaini na nne, na deni likapungua mia moja na saba. Miaka ya mwisho ndiyo inageuka, nyingi zinaingia kwenye deni. Mwanzoni ni hivi."

"Na za ng'ombe?"

Mzee Kamugisha akalifunga ganda lake la mgomba. Mimi nilikuwa nimeanza kuelewa, na sikuelewa kwa kahawa, nilielewa kwa ng'ombe. Deni lenyewe ni ng'ombe jike aliyewekwa zizini mwako. Riba ni ndama. Anapokuwa kwako anazaa, na ndama ni wa mwenyewe, hata ukipeleka ndama kumi yule mama bado ni wa kurudishwa. Njia ya kupunguza ndama ni moja, kumrudisha mama mapema. Na Mabula alikuwa amekuja na pesa ya kumrudisha mama, au angalau miguu yake miwili. Mimi ndiye niliyemwambia apeleke ndama.

"Za ng'ombe hazijagusa deni," nikasema. "Zimewekwa kando, zinakatwa mwezi kwa mwezi, na mwezi kwa mwezi zile ishirini zinatoka vile vile. Shemeji, mimi ndiye niliyemfundisha aseme ya mbele."

Mama Shija akanipa mgongo. Akamwambia Mzee Kamugisha, "Zungusha hiyo mashine. Zingeingia kwenye deni siku ile, ingekuwaje?"

Karakara-karakara. Ilichukua muda. Mzee Kamugisha akafuta miwani, akazungusha tena kuhakikisha.

"Mkopo ungeisha miaka mitano mapema, mama."

"Kwa ng'ombe watatu?"

"Kwa ng'ombe watatu."

"Miaka mitano," akasema Mama Shija, akafunga kanga vizuri. "Tumeibadilisha kwa honi."

Bwana Mkubwa mpya alikuwa na siku chache kwenye kiti kile, kijana wa Kiafrika, suti bado ina mikunjo ya dukani. Tukaingia mimi na Mzee Kamugisha. Nilijua ninaweza kutoka mle ndani bila baiskeli na bila kofia, maana tarishi kumshauri mkopaji lilikuwa kosa, tena kosa la kufukuzwa. Mzee Kamugisha akaanza kusema, "Kumetokea hitilafu ya maandishi," nikamkata. Nikasema maandishi hayana kosa, yaliandikwa kama mtu alivyosema, na alisema kama nilivyomfundisha.

Akanitazama. "Wewe umesoma mpaka wapi?"

"Darasa la pili, bwana."

"Na ulimfundisha mambo ya riba?"

"Nilimfundisha mambo ya ndama, bwana."

Ikabidi nieleze. Alicheka, lakini cheko fupi, la kikazi. Kisha akasema jambo ambalo nalikumbuka vizuri. Pesa ile inaweza kuhesabiwa kwamba ilipunguza deni tangu siku ilipoletwa, ila ikiwa hivyo, ile miezi kumi na miwili iliyopita itakuwa haijalipwa. Mabula alipe yote, shilingi mia tatu arobaini na nne, kabla mwezi haujaisha. Akishindwa, kitabu kinabaki kama kilivyo. Na mimi nikapewa barua ya onyo, ambayo niliipeleka mwenyewe masijala kwenye faili langu, maana ndiyo ilikuwa kazi yangu.

Siku kumi na moja zilikuwa zimebaki. Meli ya Mabula iliingia siku ya pili yake. Nikamkuta juu ya jiwe anafuta gramafoni kwa kitambaa.

"Futi Sifuri! Kaa, nikuwekee ile ya pili."

"Kaka, usiiweke."

Nikamweleza yote. Alisikiliza na kitambaa mkononi. Alipokasirika, alikasirika kwa Kisukuma, sitaandika hapa, daftari hili litasomwa na mabinti. Mwisho akasema, "Mia tatu arobaini na nne nazitoa wapi? Niuze ng'ombe wengine, sasa hivi, wakiwa mifupa?"

"Ng'ombe hawauzwi," Mama Shija akasema kutoka mlangoni. "Nina tisini za dagaa. Wewe una mshahara, ukiacha bia utatoa hamsini na nne. Zimebaki mia mbili."

Wote wawili wakaigeukia gramafoni.

"Nani atanunua honi kwa mia mbili?" Mabula akasema. Sauti yake ilikuwa ya mtu aliyefiwa. "Yule Mhindi wa vitu vya mtumba atanipa themanini, tena kwa huruma."

"Nitanunua mimi," nikasema.

"Wewe una mia mbili?"

Sikuwa nayo. Nilikuwa na mtamba mmoja kwa baba, aliyenipa siku nilipoanza kazi. Nikaenda Jumamosi, nikamwambia baba nauza. Akaniuliza kwa nini. Nikasema nanunua gramafoni. Baba yangu akamwambia mama, "Huyu tulimpeleka mjini mapema mno." Sikumweleza, maana kueleza kungechukua siku nzima. Mtamba akatoa mia na hamsini. Hamsini zilizobaki nilizitoa kwenye pesa ya koti la harusi. Nilioa bila koti. Mke wangu bado analitaja, hasa wageni wakiwapo.

Siku mbili kabla ya mwezi kwisha Mama Shija akahesabu noti dirishani. Mzee Kamugisha akaandika kwa wino mwekundu, akafuta kwa karatasi ya kukausha wino, akasoma kwa sauti, "Deni lililobaki, elfu mbili mia tisa ishirini na tisa." Mama Shija akamwambia arudie. Akarudia. Akatoa kahawa mbili, akampa.

Tangu siku hiyo nikawa na penseli nyuma ya sikio. Kila fomu ya mkopo iliyopita mkononi mwangu kwenda kuwekwa saini, nilimwomba Mzee Kamugisha azungushe mashine mara moja zaidi, nami nikaandika jumla kwenye kona ya juu, kushoto, pasipo na mstari. Elfu nne kwa miaka ishirini, elfu sita mia nane sabini na nane. Elfu nne hizo hizo kwa miaka kumi, malipo ya mwezi yanapanda mpaka arobaini na nne na kitu, lakini jumla elfu tano mia tatu na ushee. Mkopaji nilimwonyesha zote mbili kwa kidole, nikanyamaza. Wengine walichagua ndefu, na walikuwa na sababu, mtu mwenye watoto sita hawezi kutoa arobaini na nne. Lakini walichagua wanajua. Na nilimwambia kila mmoja kwamba hapo bado hujalipa kodi ya kiwanja, hujapaka chokaa, na bati la ziwani lina kutu yake. Nyinyi mnaofukunyua mafaili ya zamani, mkiona namba za penseli kwenye kona msizifute mkidhani ni za mtoto. Ni zangu. Na mtu akiwaletea pesa ya mkupuo, muulizeni anataka iingie wapi, kabla hajasema neno alilofundishwa langoni.

Mabula alikaa miezi mitatu hasemi nami. Mwezi wa nne akaja kwangu Jumapili baada ya kanisa, akakaa, akasema sindano ya gramafoni yangu ni butu, ninaiua ile santuri. Jumapili iliyofuata alileta sindano. Akawa anakuja kila alipokuwa nchi kavu, miaka yote ile, mpaka mke wangu akawa anaweka kikombe chake bila kuuliza.

Mkopo uliisha mwaka wa kumi na tatu tangu ng'ombe wale wauzwe, badala ya kumi na nane. Mzee Kamugisha alikuwa ameshastaafu na kurudi Bukoba kwenye migomba yake. Mimi ndiye niliyetoa hati ya nyumba kabatini, imepigwa muhuri kwamba rehani imefutwa, nikampa Mama Shija mkononi. Shija mwenyewe, yule mtoto wa mgongoni, alikuwa amesimama nyuma yake, mrefu kumpita.

Jioni yake, jua likiwa bado juu ya ziwa, nikaifunga gramafoni kwenye kiti cha nyuma cha baiskeli nikaipeleka Kirumba. Nilikuwa nimeipangia siku hiyo muda mrefu. Nikaiweka juu ya jiwe. Mabula akaishika honi, akaligeukia ziwa kidogo, akajifanya anatafuta vumbi.

Mama Shija akatoka na mikono ya unga. Akaizunguka ile gramafoni kama anavyozunguka gunia la dagaa la mtu asiyemjua.

"Jumla yake ngapi?" akauliza.

"Sifuri, shemeji."

"Mpaka mwisho?"

"Mpaka mwisho."

"Andika."

Nikatoa penseli nyuma ya sikio, nikaandika sifuri kwenye kifuniko cha sanduku, kona ya juu, kushoto. Ipo mpaka leo. Mabula huwaambia wageni kwamba ni alama ya kikombe cha chai.